Kisiwa Kisicho na Mlima

Huwachukua sita, sizidishi.
Wakiwa saba, mmoja hunipotea Siyu,
nikamkuta kwa fundi wa viatu ameshapimwa mguu.

Leo: walimu wawili wa Machakos, Mutinda na mkewe Nduku;
muuguzi wa Eldoreti, Chelagati;
Mzee Mhina wa Tanga na goti lake la bendeji;
kijana wa Kijerumani aandikaye kila kitu, hata bei ya mahamri;
na Bi Moinaecha wa Ngazija,
aliyelipa taslimu, akahesabu mara mbili,
akaketi mbele ya boti kama aendaye kudai deni.

Mkanda tuliuwahi, maji yangalipo.
Mtangawanda nikawapa kofia, chupa,
na hotuba yangu ya kila siku:
kwamba Pate ni kisiwa cha matumbawe,
kwamba mikoko ndiyo ukuta wetu,
kwamba picha za watu ni kwa ruhusa, za punda ni bure.
Wakacheka palepale wanapochekaga wote.

Bi Moinaecha hakucheka.
"Mlima uko wapi?"
Nikadhani nimesikia vibaya.
"Kisiwa bila mlima? Kimetoka wapi, basi?"

Kwao, alisema, kisiwa kilitapikwa.
Karthala hukohoa usiku,
asubuhi unafuta jivu kwenye sahani.
Mawe ni meusi, yana matundu;
ukipita peku yanakwambia mama yao ni nani.
Babu yake alizaliwa Pate, akaondoka kijana,
akaoa juu ya mawe hayo meusi,
na mpaka kufa kwake alisema: kwetu nyumba ni nyeupe.
Amekuja kuuona huo weupe.

Nami naijua Pate ilivyo.
Kuta hazina lipu, mbavu za matumbawe ziko nje, rangi ya vumbi;
na penye kumbi za wakubwa wa zamani
tumbaku imepandwa kwa mistari.
Nikawapitisha vichochoro haraka haraka
kama mwenye nyumba apitishaye mgeni penye vyombo vichafu.
Nikataja zidaka. Mjerumani akaniomba herufi.
Mhina akaketi kizingitini kukanda goti.

Yeye akaweka kiganja ukutani.
Akakiondoa.
Akakirudisha.
"Jiwe hili ni baridi," akasema,
kama mtu aliyegusa paji la uso la maiti.

Miaka kumi na mmoja nazungusha wageni,
na hotuba yangu haikuwa na jibu.
Nikatazama saa. Nikayafikiria maji.
Nikasema: twendeni kwa Lali Shebwana.
Hayumo kwenye ratiba.

Lali alikuwa anapakua tanuu la juzi:
duara la majivu, boriti zilizoisha,
na juu yake matumbawe yaliyochomwa, mepesi kama mkate mkavu.
"Sisi hatuna mlima, bibi," akamwambia.
"Moto twautia wenyewe."
Akachukua bonge, akalimwagia kikombe cha maji.
Likanyamaza kidogo.
Kisha likafyonza, likafoka, likapasuka,
likatoa mvuke, likajaa, likavimba,
likaanguka unga mweupe
mweupe hata Chelagati akafumba macho.

Bi Moinaecha aliinama karibu mno, nikamshika ushungi.
Akafungua mkoba, akatoa jiwe jeusi, ukubwa wa yai.
Hakusema la nini.
Lali akalipima mkononi, akaligeuza,
akamrudishia.
"Hili lishaungua zamani. Halina chokaa."
Hapo ndipo alipocheka, mpaka kwikwi ikamshika,
na Mhina akampigapiga mgongo kama jamaa yake.

Siyu hatukufika.
Maji yalitoka, tukashuka Mkanda kusukuma,
matope mapajani, Mjerumani ameweka daftari kichwani.
Nduku alitaka makubadhi ya Siyu, akanuna mpaka gatini;
nikamrudishia mia tano.

Usiku, nikila, niliona kucha zangu zina weupe.
Sikuziosha upesi.
Kesho nina sita wengine,
na sijui ile hotuba nitaianzia wapi.